Sahani za Kichina Zilifika Kabla ya Chakula: Historia ya Mapishi Yanayojifunzwa Safarini, Kutoka Kilwa Hadi Kasulu na Kibondo

Nenda sokoni Kasulu au Kibondo leo, mwambie mama wa mboga unataka chainizi. Hatashangaa hata kidogo. Atakupa fungu la majani mapana yenye mashina meupe, utalipa, utaondoka. Jina lenyewe linasema mboga hii ni ya Wachina, lakini mpaka inafika mezani haina Uchina wowote. Imekatwakatwa, ikachemshwa na nyanya na kitunguu, labda ikaungwa kwa karanga au mawese, ikaliwa na ugali wa muhogo. Tamu sana, hakuna ubishi. Ila mtu wa Beijing akiionja hataijua kama ni mboga ya kwao.

Hapo ndipo lilipo swali la leo. Wachina wamekuwa na uhusiano na nchi hii kwa miaka mingi mno. Wamejenga reli, viwanda, mashamba na barabara. Sasa kwa nini mapishi yao yamebaki kwenye hoteli chache za mijini, na ni nani hasa kati ya Waswahili aliyewahi kujifunza kuyapika? Ukifuatilia historia vizuri utakuta walioyajifunza karibu wote ni watu wa safari. Na wengi wao hakuna kitabu kinachowataja kwa majina.

TUANZIE KILWA

Kabla ya reli na kabla ya Wajerumani, vyombo vya China vilishafika pwani ya Afrika Mashariki. Pale Kilwa Kisiwani, wachimbaji wa mambo ya kale wamekuta vipande vya kauri za Kichina vya karne nyingi zilizopita. Sehemu mbalimbali za pwani, bakuli za China zilipachikwa kwenye kuta za misikiti na juu ya makaburi kama pambo la heshima. Tajiri wa Kilwa alikuwa na sahani iliyovuka bahari nzima ya Hindi.

Lakini angalia alichokula kwenye sahani ile. Alikula wali, samaki, nazi, vitu vya kwao. Sahani ilipita mikononi mwa wafanyabiashara wengi, kuanzia bandari za China, India, Ghuba ya Uajemi, hadi Kilwa. Mfanyabiashara anabeba bidhaa, habebi mpishi. Sahani inaweza kusafiri peke yake ndani ya jahazi. Mapishi hayawezi, lazima yabebwe na mtu aliyesimama jikoni akaona kwa macho.

Shika hilo, kwa sababu litajirudia.

WAHA NA SAFARI ZA MANAMBA

Sasa tupande huku juu, kwenye milima ya Buha. Reli ya Kati ilifika Kigoma mwaka 1914, na hadi leo watu wanapaita mwisho wa reli. Lakini kwa vijana wa Kasulu na Kibondo enzi za mkoloni, pale palikuwa mwanzo wa reli. Wengi waliondoka kwenda kukata mkonge Tanga na Morogoro. Wakaitwa manamba, kwa sababu kila mtu alipewa namba yake. Miaka ya 1940 wenye mashamba waliunda ofisi yao ya kutafuta vibarua, maarufu kama SILABU, na Buha ikawa moja ya sehemu zilizotoa watu wengi.

Kwenye historia ya chakula, manamba ni watu muhimu kuliko wanavyopewa sifa. Kijana aliyekulia kwenye mtama, ulezi, maharage na ndizi za kwao, alifika kambini akapewa posho ya unga wa mahindi. Nyumbani hakuwahi kushika mwiko, kazi hiyo ilikuwa ya mama na dada. Kambini mama hayupo. Wanaume wasio na wake walipika wenyewe, wakajifunza kwa kumwangalia mwenzao wa kabila lingine kwenye moto wa jirani.

Wazee walisema mtembea bure si sawa na mkaa bure. Na namna ile ya kujifunza, ya kusimama pembeni ya moto wa mtu mwingine mpaka mkono wako uzoee, ndiyo iliyokuja kuamua nani ajue chakula cha Kichina na nani asijue.

RELI YA UHURU: MAELFU YA WACHINA, JIKO LAO PEKE YAO

Februari 1965 Mwalimu Nyerere alikwenda China, na Juni mwaka huohuo Waziri Mkuu Zhou Enlai akaja Tanzania. Mkataba wa reli ya TAZARA ulisainiwa Beijing Septemba 1967, kati ya China, Tanzania na Zambia. Ujenzi ulizinduliwa Oktoba 1970, na reli ikakabidhiwa rasmi Julai 1976. Kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, madaraja zaidi ya 300. Kipande cha Mlimba hadi Makambako kilikuwa kigumu kuliko vyote, mahandaki na mabonde matupu.

Kwa miaka yote ya kazi hiyo, Wachina wapatao 50,000 walipita kwenye mradi. Zaidi ya 60 walifariki, na makaburi ya baadhi yao yapo Gongo la Mboto, Dar es Salaam, hadi leo. Pamoja nao walifanya kazi makumi ya maelfu ya Watanzania na Wazambia. Lugha ilikuwa tabu, kwa hiyo mafundi wa Kichina walifundisha kwa vitendo. Fundi anafanya, kijana anaangalia, kisha kijana anafanya naye fundi anaangalia.

Basi mtu atasema, kama walifundishana kufunga reli kwa njia hiyo, si wangefundishana na kupika pia? Haikuwa hivyo. Kazini walikuwa pamoja, kulala na kula walikuwa mbali. Wachina waliishi kwenye kambi zao, bila wake zao, chini ya nidhamu kali. Walilima bustani zao za mboga, wakafuga kuku na nguruwe wao, na wapishi wao walikuja nao. Mfanyakazi wa Kitanzania alikuwa na kambi yake na sufuria yake ya ugali. Bustani ya Mchina aliiona kila siku akipita, lakini karai lililokuwa likilia ndani ya jiko lile halikumhusu.

Yaani maelfu ya watu wa nchi mbili walikaa miaka kadhaa kwenye pori moja, wakatoboa milima pamoja, na bado kila mmoja akarudi kwao na mapishi yaleyale aliyokuja nayo.

CHUPA YA CHAI NA BAKULI LA MAUA

Lakini kuna kitu cha Kichina kilichoingia kwenye nyumba za Watanzania wakati uleule. China ilitoa mkopo usio na riba kwa ajili ya reli, na sehemu ya gharama za hapa nchini, kama mishahara ya vibarua, ilipatikana kwa kuuza bidhaa za Kichina madukani. Hivyo maduka ya serikali yakajaa bidhaa hizo: vitambaa, baiskeli, cherehani, chupa za chai zenye maua, mabakuli na sahani za bati lililopakwa rangi nyeupe.

Hata nyumba za bara ambazo hazikuwahi kuona Mchina zilikuwa na chupa ya chai ya Kichina kabatini, ile inayotolewa mgeni akija tu. Ni hadithi ya Kilwa imejirudia baada ya miaka mia kadhaa. Tofauti ni kwamba safari hii sahani haikuishia kwa tajiri, ilifika hadi kwa mkulima. Ndani yake bado kulikuwa na ugali na maharage.

VIJANA WALIOKWENDA BEIJING

Mwaka 1972, vijana wapatao 200 wa Tanzania na Zambia walipelekwa Chuo Kikuu cha Kaskazini cha Jiaotong, Beijing, kusomea kazi za reli. Hawa ndio walipata nafasi ya kukiona chakula cha Kichina kwa Wachina wenyewe.

Na Beijing ile haikuwa ya hoteli. Nafaka zilinunuliwa kwa kuponi, utaratibu ulioanza mwaka 1955 na kuisha mwaka 1993. Ikifika Novemba, kabla ya baridi kali, kabichi zilirundikwa barabarani na kwenye nyua za nyumba, kwa sababu ndizo zilizokuwa mboga za msimu wote wa baridi. Kaskazini ya China ni nchi ya ngano zaidi kuliko mchele. Wanakula mantou, mkate mweupe unaopikwa kwa mvuke badala ya kuchomwa. Wanakula jiaozi, ambazo ukitaka kumweleza mtu wa Kasulu utasema ni kama sambusa ndogo, nyama na mboga ndani, ila inachemshwa kwenye maji badala ya kukaangwa. Mtu aliyetoka hapa akidhani Wachina wote wanakula wali kutwa nzima alikuwa na mengi ya kujifunza.

Hata hivyo, kwa kawaida vyuo vya China vya miaka ile viliwawekea wageni bwalo lao la chakula. Kijana alirudi nyumbani anajua kula kwa vijiti na anajua majina ya vyakula. Kuvipika ni jambo lingine, maana bwalo lina mpishi wake.

Madaktari nao wana historia inayofanana. Timu ya kwanza ya madaktari wa China ilifika Zanzibar mwaka 1964, kutoka Jiangsu, na Tanzania Bara ikaanza kupokea timu kutoka Shandong mwaka 1968. Timu hizi huja na mpishi wao. Ni jambo la busara kwa mtu anayekaa ugenini miaka miwili. Lakini maana yake ni kwamba hata pale hospitalini, jiko lilibaki la watu walewale.

MLANGO WA JIKO ULIPOFUNGUKA

Mambo yalianza kubadilika pale Wachina walipoacha kuja kama msaada wa serikali tu na kuanza kuja kama makampuni. Kampuni inahesabu gharama. Kumleta mpishi msaidizi, mwosha vyombo na mkata mboga kutoka China ni hela nyingi. Kumwajiri kijana au mama wa kijiji cha jirani ni nafuu. Kwa hiyo mlango uliofungwa enzi za TAZARA ukafunguliwa na bajeti.

Huku Kigoma, mlango huo uliletwa na lami. Kwa miaka mingi barabara ya kutoka Kigoma kwenda Kasulu, Kibondo hadi Nyakanazi ilikuwa adhabu. Kiangazi vumbi jekundu, masika malori yanalala njiani siku mbili. Ilijengwa kwa vipande, na kile kikubwa cha Kabingo, Kasulu hadi Manyovu, chenye kilomita zaidi ya 260, kilipata fedha za Benki ya Maendeleo ya Afrika. Wakandarasi kutoka China ni miongoni mwa waliofanya kazi kwenye barabara hizi. Na kila kambi ya ujenzi ina jiko.

Watu hupigania kazi ya kuendesha mtambo. Ya jikoni inaonekana ndogo. Lakini anayekata mboga ndiye anayesimama karibu na karai, na baada ya miezi michache anakuwa anajua kitu ambacho vijana wale wa reli hawakurudi nacho kutoka Beijing.

ANAJIFUNZA NINI HASA?

Kwanza anajifunza kisu. Kwenye upishi wa Kichina wa kila siku, kazi kubwa inafanyika kabla moto haujawashwa. Nyama inakatwa nyembamba, karoti nyembamba, kila kitu kwa saizi moja ili viive pamoja. Ukiwasha moto kabla hujamaliza kukata, umeshaharibu.

Pili anajifunza moto. Karai linapata moto sana, mafuta kidogo, tangawizi na kitunguu saumu vinatangulia, vigumu vinaingia kwanza, majani mwisho. Chainizi ileile ya soko la Kasulu inakaa kwenye moto dakika mbili tu, inatolewa bado kijani na inalia mdomoni. Anayeiona mara ya kwanza atasema haijaiva. Anayeizoea anaelewa kwamba ndivyo ilivyokusudiwa.

Tatu anajifunza kwamba chakula cha Kichina si lazima kiwe cha gharama. Moja ya vyakula vinavyopendwa zaidi majumbani China ni mayai na nyanya. Mayai yanakaangwa haraka na kutolewa, nyanya zinafuata mpaka zitoe maji, chumvi, sukari kidogo sana, kisha mayai yanarudishwa. Hakuna kitu hapo kisichopatikana Kibondo. Tangawizi inalimwa mkoani humuhumu, kule Buhigwe. Karai ni lile la kukaangia maandazi. Kinachobaki cha kununua mbali ni sosi ya soya.

Kuna jambo la nne ambalo watu hawalitazami. Mara nyingi inaelezwa kwamba Wachina walikata vitu vidogo na kupika haraka kwa sababu kuni zilikuwa adimu kwao. Sasa fikiria Kasulu na Kibondo. Kambi ya Nyarugusu ilifunguliwa mwaka 1996 kwa wakimbizi wa Congo, na kuanzia 2015 maelfu kwa maelfu ya Warundi wakaingia Nyarugusu, Nduta na Mtendeli. Wenyeji na wageni walitafuta kuni kwenye msitu uleule, na wanawake wakatembea mbali zaidi. Sufuria la maharage linakula kuni kwa masaa. Hakuna anayesema maharage yaachwe, Kigoma bila maharage si Kigoma. Lakini mboga ya dakika mbili kwa mwanamke anayebeba kuni kichwani ni nafuu halisi.

NA NGURUWE JE?

Hili lazima lisemwe, maana ndilo linalowakimbiza wengi. Wachina wengi wanakula nguruwe sana, na mafuta yake wanapikia. Msaidizi wa jikoni ambaye ni Mwislamu anakutana na mtihani siku ya kwanza kazini. Wapo wanaokataa kazi kabisa, na hiyo ni haki yao.

Ila historia ina upande wa pili. China ina Waislamu mamilioni, wakiwemo Wahui, na Uislamu ulifika kule zaidi ya miaka 1,000 iliyopita. Wana mapishi yao ya halali, ng'ombe na kondoo, na tambi za kuvutwa kwa mkono za Lanzhou zenye supu ya ng'ombe zinajulikana nchi nzima. Kwa hiyo mtu wa Kigoma mjini akitaka kujifunza upishi wa Kichina bila nguruwe, hajibunii kitu cha ajabu. Anaingia kwenye mila ambayo Wachina wenyewe wanayo.

KAMBI IKIKUNJA JAMVI

Sasa tatizo. Barabara ikiisha, kambi inaondoka. Makontena yanapakiwa, mpishi mkuu anapanda ndege, na msaidizi anabaki kijijini na ujuzi ambao hana karatasi ya kuuthibitisha. Mara nyingi anarudi shambani, au anafungua kibanda cha chipsi. Watoto wake wataambiwa baba aliwahi kuosha vyombo kwa Wachina. Hakuna atakayewaambia kwamba baba alikuwa mpishi.

Ndivyo ilivyotokea pia kwa manamba, kazi yao ikabaki kwenye namba. Lakini safari hii kuna la kufanya. VETA ina utaratibu wa kutambua ujuzi uliopatikana nje ya darasa, ambapo mtu anapimwa kwa vitendo na akifaulu anapewa cheti. Upishi ni moja ya fani zinazoingia humo. Kijana aliyepika kambini miaka mitatu hana sababu ya kujitambulisha kama kibarua tu.

Na kazi hazijaisha. Desemba 2022 serikali ilisaini mkataba wa reli ya kisasa ya Tabora hadi Kigoma, kilomita 506, na kampuni mbili za China. Mojawapo, CCECC, ilizaliwa mwaka 1979 kutokana na ofisi ya Wizara ya Reli ya China iliyosimamia ujenzi wa TAZARA. Watoto wa ofisi ileile, baada ya nusu karne, wamerudi na reli nyingine. Wanakuja na majiko yao tena, na safari hii jikoni kuna nafasi ya mwenyeji.

Mgeni njoo, mwenyeji apone. Wenyeji wa Buha wameshapata lami. Wanaweza kupata na mapishi, kama watayachukulia kuwa ujuzi na siyo kazi ya kuokoteza.

Kijana aliyekuwa na miaka 20 wakati TAZARA inaanza, leo amevuka 70. Wengi wameshaondoka. Kama nyumbani kwenu Kasulu, Kibondo au popote pale kuna mzee aliyefanya kazi na Wachina, relini, kiwandani, hospitalini au barabarani, usimuulize kuhusu siasa tu. Muulize walikula nini, nani alipika, na kama aliwahi kuruhusiwa kuingia jikoni. Kisha andika hapo chini alichokujibu, kwa sababu kwenye vitabu hutakikuta.